Ndani ya Kengele ya Ottermere

Ukifika Rosettenville, kusini mwa Johannesburg, ukavuka robot, yaani taa za barabarani, iliyo mbele ya duka la mikate la Wareno, utasikia mlio kama wa mbu aliyemeza msumari. Huyo si mbu, ni Papa Lambert yuko kazini. Mashine yake ya kung'arishia ina umri mkubwa kuliko ndoa yake, na zote mbili, kwa maelezo yake mwenyewe, zinapiga kelele lakini hazijawahi kumwacha njiani.

Lambert anang'arisha vyuma. Mabomba ya bafuni, vitasa vya milango, vikombe vya mashindano, vinara vya kanisani, na safari moja mguu wa bandia wa mzee aliyetaka kwenda nao harusini ukimeremeta. Ikifika saa tisa alasiri uso wake umejaa vumbi la shaba na nta nyeusi, yamebaki meno tu, na mteja mgeni humuuliza, "Bosi yuko wapi?" Lambert hujibu, "Ametoka kidogo," akaenda nyuma, akanawa, akarudi akiwa bosi.

Alizaliwa Likasi, huko Katanga ambako shaba iko chini ya ardhi kama mihogo. Baba yake alikuwa mtu wa tanuri za kuyeyushia. Lakini aliyemfundisha kazi ni mama, ambaye alikuwa anasafisha vyombo vya misa vya masista. Mama alitumia majivu, ndimu na maneno makali. "Anzia ndani," alikuwa akimwambia. "Nje ni ya watu. Ndani ni ya Mungu, na yeye akija hapigi hodi." Lambert mdogo akileta kikombe cha misa kinachong'aa nje, mama aliingiza kidole ndani, akakizungusha, akakitoa na kumpaka mwanawe puani. Pua ikiwa nyeusi, kazi inaanza upya. Kuna watu wamekaa chuoni miaka miwili wakatoka bila somo moja lililowashika hivyo.

Alipofika Johannesburg mwaka 2004 hakung'arisha kitu. Alikuwa mlinzi wa mchana katika jengo la mawakili, kazi yake kusimama mlangoni na kuonekana mkali, jambo ambalo Mungu hakumjalia. Pale mlangoni palikuwa na kibao cha shaba kilichokuwa kimefubaa mpaka majina ya mawakili hayasomeki. Siku moja akakisugua kwa dawa ya meno, ili tu mchana upite. Wiki iliyofuata mawakili wa jengo la pili walikuja kuuliza ni kampuni gani imeifanya kazi ile. "Ni kampuni yangu," alisema Lambert, na kampuni ikazaliwa hapo hapo, ikiwa imevaa sare ya ulinzi.

Sasa ana miaka hamsini na sita. Mkewe, Léocadie, anasuka nywele barabara ya pili. Binti yao Sagesse anaelewa Kiswahili chote na kujibu kwa Kizulu, hasa akitumwa dukani. Na fahari ya Lambert ni moja: chombo kikitoka mkononi mwake hakina alama. Hakina mkwaruzo, hakina doa, hakina hata kumbukumbu ya mkwaruzo. Fahari hiyo ndiyo iliyomponza.

Kengele ililetwa Jumatatu kwa pikapu. Aliyeileta anaitwa Steve, katibu wa ukumbi wa mabaharia wastaafu kule Kensington, mtu mrefu anayeongea kama anayetoa amri upepo ukivuma. Waliibeba wawili, wakaiweka juu ya meza, meza ikalia.

"Ni ya meli ya vita," Steve alisema. "Ilikuwa imekaa gereji ya watu miaka sitini. Jumamosi tuna sherehe ya kuitundika. Nataka ing'ae mpaka mtu achane nywele mbele yake."

Akamwachia na karatasi nne zilizobanwa pamoja, historia ya utumishi wa meli. "Isome, utaipenda." Lambert akasema sharp, yaani sawa. Kiingereza cha mdomo kinamtosha. Kiingereza cha karatasi humletea usingizi. Akaziweka karatasi chini ya kopo la nta, na Jumanne asubuhi akaipindua kengele mdomo juu, akaanza kazi. Akaanzia ndani.

Chini ya masizi ya miaka themanini, karibu na mdomo wa kengele, akakuta mikwaruzo. Tusimtetee sana: aliona kabisa kwamba ni herufi. Lakini katika kazi yake herufi za kukwaruza ni ugonjwa. Vijana wa shule huchonga majina yao kwenye vikombe vya kandanda, wezi huweka alama zao kwenye vinara. Mwezi uliopita tu mwalimu mkuu mmoja alimrudishia kikombe kwa sababu ndani mlikuwa mmeachwa maneno "Chipo alikuwa hapa". Lambert akajiapia kwamba Chipo hatamtia aibu tena. Basi akachukua gurudumu la msasa, kwanza wa kukwaruza, kisha ulio laini, na toka saa nne mpaka saa nane mchana akawa anahangaika na zile herufi mpaka zikatoka zote. Alipomaliza, akaingiza kidole, akakizungusha, akakitoa. Safi. Mama angejivunia.

Jumatano alasiri alikuja jirani yake, Burhani, fundi makochi kutoka Tanga, na birika la chai ya tangawizi. Zamani Burhani alikuwa karani wa kutoa mizigo bandarini, kwa hiyo karatasi za Kiingereza huzisoma kama wengine wanavyosoma menyu. Akaziona chini ya kopo, akazivuta.

"Bwana wee, hii meli yako ina wasifu kunishinda mimi."

"Soma basi, Mtanga. Lakini kwa Kiswahili cha watu, si kile chenu cha kuimba."

"Nyie Wakongo mliazima Kiswahili mkakirudisha kimevunjika, leo mnachagua?" Burhani akapuliza chai, akaanza. "Jina, Ottermere. Imejengwa Glasgow, mwaka thelathini na tisa. Kazi yake, kubeba ndizi."

"Ndizi?"

"Ndizi, ndugu yangu. Meli nzima. Vita vikaanza, serikali ikaitwaa, ikaipaka rangi ya kijivu, ikaifungia mzinga mmoja nyuma. Ikawa meli ya mizigo ya jeshi la majini."

Ottermere haikuzamisha mtu, Burhani aliendelea kufasiri. Kazi yake ilikuwa kuwafuata wanaume wa vita na chakula, kama mama mwenye nyumba. Unga, viazi, viatu, barua, makombora, na pombe kali ya mabaharia, ambayo ndiyo iliyolindwa kuliko makombora. Mwaka arobaini na mbili ilizunguka Rasi ya Tumaini Jema ikafika Durban, ikapeleka shehena Madagaska, halafu miaka miwili ikawa inakwenda na kurudi: Durban, Kilindini, Shelisheli, Trincomalee kule Ceylon.

"Kilindini!" Burhani alipiga paja. "Kwetu hapo."

"Kilindini ni Mombasa. Wewe ni wa Tanga."

"Jirani akisifiwa, na wewe nyoosha kola. Sikiliza hapa. Usiku mmoja adui aliirushia kombora la majini, likapita chini ya tumbo, kwa sababu ngama za mizigo zilikuwa tupu na meli imeelea juu. Unaona? Umaskini nao una siku yake."

Wakacheka wote wawili. Burhani akafungua ukurasa wa mwisho. Machi mwaka arobaini na nne meli iliharibika pampu, ikaingizwa chelezoni Durban kwa matengenezo. Na humo Durban, kwa desturi ya mabaharia, watoto wanne wa watu wa melini walibatizwa. Kengele ilipinduliwa mdomo juu, ikatiwa maji, padri akawabatiza kwa maji yale. Kisha fundi wa injini akachonga majina yao...

Burhani akakiweka kikombe cha chai chini.

"Akachonga wapi?" aliuliza Lambert, ingawa alikuwa ameshajua.

"Ndani ya kengele," alisema Burhani taratibu. "Walter, Ruby, Ernest na Daphne. Hapa Steve ameongeza kwa mkono: Daphne yuko hai, ana miaka themanini na moja, anakaa nyumba ya wazee Kensington. Jumamosi anakuja kuliona jina lake kwa mara ya kwanza."

Kule nje mtu alikuwa anagombana na taksi. Lambert aliitazama kengele, na kengele ikamrudishia uso wake wote, na pua pia, safi bila dosari.

Alimpigia Steve. Hakuzungukazunguka. 

"Eish, Lambert," Steve akasema, na amri zote zilikuwa zimemtoka. "Sikiliza. Majina unayo kwenye karatasi. Yachonge tena. Pale pale. Usimwambie yule mama, nakuomba. Ameingoja hiyo kengele maisha yake yote."

Burhani naye alikuwa upande huo huo. "Chonga, mwenzangu, paka masizi kidogo, basi. Nani atajua?"

Nyumbani Léocadie alimsikiliza huku akichambua mchicha. "Umemfuta mtoto wa watu," alisema, "halafu unataka umuandike na uongo juu?"

"Sasa nifanye nini, maman?"

"Mimi nasuka nywele, Lambert. Nikimkata mteja sikio simwambii lilikuwa fupi tangu zamani."

Alhamisi nzima alifanya mazoezi ya kuchonga kwenye bomba bovu, kwa tindo dogo na nyundo ndogo, mpaka herufi zikaanza kusimama wima. Hakuwa ameamua kitu. Mkono ulikuwa unajiandaa, moyo ukisubiri mkono uamue.

Ijumaa saa tano alikuwa ameipindua kengele ndani ya fremu ya mbao, ameshaandika majina manne kwa penseli, na tindo liko mkononi, gari likasimama nje. Akashuka Murielle, binti wa Bukavu anayesali kanisa moja na Léocadie, ambaye anahudumia wazee kule Kensington. Baada yake likashuka gongo la miguu minne, na nyuma ya gongo, kikongwe mdogo mwenye kofia ya sufu.

"Bonjour, Papa Lambert," Murielle alisema. "Nisamehe. Huyu amesikia kengele iko Rosettenville akagoma kunywa chai. Amesema Jumamosi ni mbali na yeye ana miaka themanini na moja."

"Ndiyo yenyewe?" aliuliza Daphne kwa Kiingereza, macho yamekwishampita Lambert.

"Ndiyo, gogo." Mjini hapa kila mwanamke mzee ni gogo, yaani bibi kwa Kizulu, hata aliye mweupe kama unga.

Burhani aliyasikia hayo kutoka karakanani kwake, akaja mbio na kochi la mteja, akaliweka mbele ya meza. Daphne akakaa, akaegemea gongo, na kabla hajaulizwa akaanza kusimulia, kama watu wanaosimulia wakiogopa kufika mwisho wa safari. Baba yake alikuwa mpiga ishara wa Ottermere, mtu wa bendera na taa. Alimwona bintiye siku kumi tu, zile siku ambazo pampu ilikuwa inatengenezwa. Yeye ndiye aliyemshika juu ya kengele. Alimlipa fundi wa injini sigara ishirini ili jina la mwanawe lichongwe vizuri kuliko la mtoto wa mpishi. Kisha meli ikaondoka na kila mwezi ikaja barua. Melini kengele hupigwa kila nusu saa, aliandika, kwa hiyo kila nusu saa anaitwa binti yangu. Aprili mwaka uliofuata homa ilimchukua Trincomalee, na barua zikakoma.

"Sina picha tukiwa pamoja," Daphne alisema. "Nina hiyo tu." Akanyoosha kidole kuelekea kengele. "Nionyeshe."

Murielle alikuwa amekwishachungulia. Akageuka na kusema kwa Kiswahili, huku anatabasamu kwa ajili ya bibi: "Papa, mbona ni penseli?"

"Nilifuta. Jumanne. Sikujua."

"Yesu wangu! Sikiliza, mwambie yalikuwa yamefifia, unayatia nguvu. Basi. Ni maneno mawili matatu."

"Hata Steve amesema hivyo hivyo."

"Basi kama mzungu na Mkongo wamekubaliana, wewe ni nani?"

"Mnanisema," alikatiza Daphne. "Kiswahili sikijui, lakini nimeishi Afrika miaka themanini na moja. Mtu anaposemwa mbele yake, sauti hiyo naijua."

Lambert alitazama ndani ya kengele. Zilikuwepo herufi zake za penseli, nadhifu, zinangoja tu. Uongo ulikuwa mdogo, ulikuwa na huruma, na ulikuwa umekubaliwa na watu watatu wenye akili. Lakini ulikuwa wa kwenda ndani, mahali ambapo mama yake alikuwa akiingiza kidole.

Akaliweka tindo chini.

"Gogo, jina lako lilikuwepo. Mimi nimelifuta. Sikusoma karatasi. Nilidhani ni uchafu wa watu, nikasugua kwa saa nne nzima mpaka likaisha. Haya ni ya penseli, nimeandika mimi."

Burhani akageukia ukuta. Murielle alifumba macho kama mtu anayesikia gari likija kugonga.

 Daphne alijivuta kwa gongo mpaka akasimama, akaingiza mkono ndani ya kengele, akaupitisha taratibu kuzunguka mdomo wote, mara moja, na mara ya pili.

"Laini," alisema. "Kama sahani."

"Ndiyo, gogo."

"Uliona ni herufi?"

"Niliona."

"Na ukafuta."

"Nikafuta."

"Wiki iliyopita, ikiwa bado kwa Steve, nilitaka kwenda kuiona. Nilikuwa na mafua." Alisema kwa sauti ya mtu anayeripoti hali ya hewa. Murielle akamshika bega. Daphne akautoa ule mkono, si kwa ukali, akaendelea kusimama peke yake. Machozi yalimwagika na hakuyafuta. 

Baadaye sana Daphne akauliza, "Nisingekuja leo, ungeniambia kesho?"

Hapo mtu mwingine angejibu ndiyo. Lambert alifikiri kweli kweli, uso umekunjamana.

"Sijui, gogo. Ulinikuta na tindo mkononi."

 Daphne akarudi kukaa, kochi la watu likapumua. Akatoa kitambaa, akapenga kamasi kwa kishindo kikubwa kuliko mwili wake.

"Hilo nalo ni jibu," alisema. "Haya, chonga."

"Hautakuwa mkono wa yule fundi. Herufi zitakuwa zangu."

"Yule fundi alinichonga nikiwa nalia. Mama alisema nililia mpaka nahodha akauliza nani anauawa. Leo unanichonga nimenyamaza, kwa hiyo usiniletee visingizio." Lambert alipoinama kwenye jina lake akamzuia. "Siyo mimi. Anza na Walter. Halafu Ruby, halafu Ernest. Wao hawawezi kuja kudai. Mimi nipo, naweza kungoja."

Basi akaanza na Walter. Ilikuwa kazi ya polepole, nyundo ikigonga kama kuku anayedonoa. Burhani akaleta birika, Daphne akanywa vikombe viwili na kusema tangawizi imezidi, Burhani akasema wallahi, bibi, haijazidi, wewe ndiye umezoea chai ya hospitali, na Murielle akalifasiri hilo kwa adabu zaidi kuliko lilivyosemwa. Walter, yule mtoto wa mpishi, akapata herufi nzuri kabisa. Ruby akatoka kidogo upande. Ernest alikamilika saa saba na nusu.

Kwa jina la nne Lambert alijifuta jasho, akavuta pumzi, akachonga herufi ya kwanza kama anayetembea juu ya mayai. Alichukua karibu saa nzima. Alipomaliza alipuliza vumbi la shaba, akasogea pembeni.

Daphne aliinuka, akaingiza mkono. Safari hii vidole havikuzunguka. Vilifika mahali vikakaa, vikaanza kwenda kutoka herufi hadi herufi, vikarudi mwanzo, vikaenda tena. Midomo yake ilikuwa inatembea bila sauti.

Lambert aliona kitu chekundu kidogo kwenye ncha ya kidole cha Daphne. Shaba iliyotoka tu kuchongwa ina kingo kali kama wembe.

"Samahani, gogo, utajikata," alisema, akinyoosha mkono mezani. "Ngoja nipitishe msasa kidogo tu."

"Thubutu!" alisema Daphne, na hakuutoa mkono.